Mahjub bin Adam, Mwigizaji Aliyenyimwa Sauti

Mlioko Shinyanga mjini mkifunga maduka, mlioko Kahama na Kakola, mlioko Geita, Katoro na Nyarugusu mkipanda juu kutoka maduarani, na wewe mama unayechochea moto wa ugali wa jioni, karibuni tuzungumze. Leo nawaletea habari ya uigizaji. Najua hapa kwetu likitajwa neno mwigizaji, jina linalokuja mdomoni kwanza ni la Steven Kanumba, na ni haki yake. Kanumba alizaliwa Shinyanga tarehe 8 Januari 1984, akakulia kisanaa katika kundi la Kaole, akaingia kwenye filamu, na alipofariki tarehe 7 Aprili 2012 umati uliomiminika kumuaga Dar es Salaam ulikuwa wa kuagia viongozi wa nchi. Lakini nina swali. Kabla ya Kanumba alikuwepo nani? Na kabla ya huyo, nani? Ukirudi nyuma hatua kwa hatua, ukaipita michezo ya televisheni, ukaipita michezo ya redio, ukaupita Uhuru wenyewe, unafika wapi?

Unafika Berlin, mji mkuu wa Ujerumani, na huko unamkuta mtu wa Dar es Salaam. Jina lake la kuzaliwa ni Mahjub bin Adam Mohamed. Wajerumani walimjua kwa jina la Bayume Mohamed Husen, na kwenye filamu, pale walipokumbuka kumwandika, walimwandika Mohamed Husen. Kati ya mwaka 1934 na 1941 alionekana katika filamu zaidi ya 20 za Kijerumani. Ni miongoni mwa watu wa mwanzo kabisa wa nchi hii kuishi kwa kazi ya kamera. Hoja yangu ya leo ni moja, na nitairudia mpaka mwisho: mtu huyu alikuwa mwigizaji, uigizaji ulikuwa kazi yake, na historia ya uigizaji wa Tanzania ianze kuhesabiwa kwake, pamoja na uchungu wake wote. Wapo watakaonipinga, tena wana sababu za kweli. Nitawajibu. Kwanza tumfahamu.

Mahjub alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904. Baba yake alikuwa Msudani, askari katika jeshi la Wajerumani. Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza mwaka 1914, mtoto huyu alikuwa na miaka 10. Miaka 10, wasikilizaji. Huyo ni mtoto wa darasa la nne. Akaingia vitani pamoja na baba yake, akifundishwa kazi ya kupeleka ishara. Ndiyo vita ile ile iliyofika hapa kwetu mwaka 1916, Waingereza walipoiteka Mwanza, kisha wakashuka kupitia Shinyanga kuelekea Tabora. Mwezi Oktoba 1917, kwenye mapigano makali ya Mahiwa upande wa Lindi, Mahjub alijeruhiwa akaangukia mikononi mwa Waingereza. Alikuwa na miaka 13. Vita vilipokwisha akafanya kazi melini, akiwahudumia abiria, na mwaka 1929 akashuka Ujerumani akaenda zake Berlin. Huko alikuwa na deni la kudai.

Alikwenda kudai nini? Mshahara. Alipeleka madai kwenye wizara ya mambo ya nje ya Ujerumani, akitaka walipwe malimbikizo yao, yeye na baba yake, kwa utumishi wa vitani. Akajibiwa kwamba muda wa kudai umekwisha kupita. Wenzangu wa machimboni mnaielewa habari hii bila maelezo. Kijana ameshuka duarani msimu mzima, amevuta viroba vya mawe, na siku anapokwenda kuchukua mgawo wake anaambiwa daftari limefungwa, wenzako walikuja zamani. Kijana huyo hatumwiti ombaomba. Tunamwita mdai. Nawaomba mlishike neno hilo, mdai, kwa sababu maisha yote ya Mahjub huko Ujerumani, kuanzia siku ile mpaka mwisho wake, ni maisha ya mtu anayedai kulipwa na kutambuliwa kwa kazi aliyokwisha kuifanya. Ukimtazama bila neno hilo utamwona kibaraka. Ukimtazama nalo utaona kitu kingine.

Aliponyimwa, akatafuta riziki. Katikati ya Berlin palikuwa na jumba kubwa la starehe lililoitwa Haus Vaterland. Ndani yake kila ukumbi ulipambwa ufanane na nchi fulani, huku mkahawa wa Kituruki, kule baa ya wachunga ng'ombe wa Marekani, na wahudumu walivalishwa kulingana na ukumbi. Mahjub alikuwa mhudumu humo. Sasa niwaulize: mtu aliyevalishwa vazi la nchi isiyo yake, akapita na sinia kati ya meza, wateja wakimtazama kama wanavyoyatazama mapambo ya ukutani, je, anahudumu tu? Mimi nasema hilo lilikuwa jukwaa lake la kwanza. Hapo alijifunza jambo ambalo waigizaji wote hulijua mapema, kwamba anayekulipa amekwisha kuamua anataka kuona nini kabla wewe hujaingia. Baadaye likaja Deutsche Afrika-Schau, onyesho lililozunguka miji ya Ujerumani likiwa limewakusanya watu weusi waliokuwa wakiishi nchini humo. Watu waliokuwa wakazi wa mjini, wanaopanda treni na kusoma magazeti, walivalishwa na kuchezeshwa mbele ya watazamaji wawe Waafrika wa porini. Mahjub naye alishiriki. Serikali ya Wanazi ililitumia onyesho hilo kwa siasa zake, kisha ikalifunga mwaka 1940.

Na filamu? Mlango ulifunguka mwaka 1934. Mwongozaji Herbert Selpin alikuwa akitengeneza filamu iitwayo Die Reiter von Deutsch-Ostafrika, yaani wapanda farasi wa Afrika Mashariki ya Kijerumani, juu ya vita vile vile vya 1914. Alihitaji mtu wa kuigiza askari kijana wa kupeleka ishara. Fikirini vizuri hapo. Mtu aliyekuwa mtoto wa ishara katika vita vya kweli, akajeruhiwa, akanyimwa mshahara wa kazi hiyo, sasa analipwa kuiigiza kazi hiyo hiyo mbele ya kamera. Ujerumani iliyokataa kumlipa kwa ukweli ilikubali kumlipa kwa mchezo. Katika mwaka huo huo aliomba nishani ya askari waliopigana mstari wa mbele, akakataliwa. Alivaa sare na nishani alizojinunulia. Kuna watu wanaona aibu katika jambo hilo. Mimi naona mdai anayeendelea kudai, sasa kwa mavazi.

Tuje kwenye jambo la sauti, maana ndiyo nguzo ya mazungumzo yangu. Filamu za mwanzo duniani zilikuwa bubu. Mpaka karibu na mwaka 1927 watu walikaa ukumbini wakatazama picha tupu, mwigizaji akisema kwa macho, kwa mabega na kwa vidole, maneno machache yakiandikwa katikati ya picha, na pembeni mtu akipiga kinanda. Huko Japani walikuwa na msimulizi aliyekaa kando ya pazia, akawasemea wahusika wote kwa mdomo wake, na watu walilipa kiingilio kwa sababu ya msimulizi zaidi ya mwigizaji. Je, hilo ni geni kwetu? Wa Katoro na Kakola hawahitaji kufafanuliwa. Ingia banda umiza jioni. Mabenchi ya mbao yamejaa, jenereta inanguruma nyuma ya mabati, skrini moja mbele, filamu ya Kihindi au ya Kichina, na juu ya sauti za wenyewe inapanda sauti ya Mswahili anayesimulia: huyu ndiye mwenye mali, yule ni shemeji yake, sasa tazama anavyomgeuka. Walioanza enzi za kanda wanalikumbuka jina la Lufufu, aliyewafungulia njia wasimulizi wengi wa filamu nchini. Kwa hiyo sisi tunajua, pengine kuliko watu wengi, kwamba picha ni kitu kimoja na sauti ni kitu kingine, na kwamba anayeshika sauti ndiye anayeshika maana.

Sasa sikilizeni. Mahjub aliingia kwenye filamu mwaka 1934, wakati filamu zimekwisha kupata sauti. Kila mtu kwenye pazia alikuwa akisema, akiimba, akibishana. Lakini nyingi ya nafasi alizopewa zilikuwa za kusimama, kubeba, kufungua mlango, kuinama na kuitika. Mwaka 1937 alionekana katika Zu neuen Ufern, filamu ya mwimbaji mashuhuri Zarah Leander iliyoongozwa na Detlef Sierck, yule ambaye baadaye alikimbilia Marekani akapata jina kubwa kwa kuitwa Douglas Sirk. Leander aliimba mpaka jina lake likaenea Ujerumani nzima. Mahjub alipita. Enzi ya filamu bubu ilikuwa imekwisha kwa watu wote isipokuwa kwa watu kama yeye. Walimwacha humo peke yake, katika filamu yake bubu ndani ya filamu za wengine zenye sauti.

Na hili ndilo linaloniuma. Mtu huyo huyo, katika miaka hiyo hiyo, katika mji huo huo, alikuwa akifundisha Kiswahili. Alikuwa msaidizi wa kufundisha lugha katika Seminari ya Lugha za Mashariki ya Chuo Kikuu cha Berlin, akiwafundisha watu waliojiandaa kwenda Afrika Mashariki, wakiwemo waliotumaini kwamba makoloni yatarudi. Darasani walimhitaji kwa sababu ya ulimi wake. Walimtaka atamke, arudie, asahihishe. Waliandika alivyosema. Akitoka darasani akaenda studio, ulimi ule ule haukuwa na kazi. Je, alikosa uwezo wa kusema? Hapana. Aliweza kusema kuliko maprofesa wake katika lugha waliyomlipa kuifundisha. Hakunyimwa sauti na maumbile wala na ufundi wa kamera. Alinyimwa na watu, kwa makusudi, kwa sababu filamu walizotaka zilihitaji Mwafrika wa kutazamwa, asiyesikilizwa.

Msidhani mambo hayo yalikuwa Berlin tu. Kati ya mwaka 1935 na 1937, hapa hapa Tanganyika, huko Vugiri kwenye milima ya Usambara, Waingereza waliendesha jaribio la sinema ya mafunzo kwa Waafrika. Walitengeneza filamu 35, na waigizaji walikuwa wenyeji. Kamera yao ilipiga picha bila sauti. Maneno yalirekodiwa kwenye santuri baadaye na kuchezwa pembeni wakati picha ikionyeshwa. Kwa hiyo mkulima wa Usambara alifungua kinywa mbele ya kamera, na kilichotoka kwenye kipaza sauti kilikuwa maneno yaliyopangwa na mtu mwingine kwenye meza nyingine. Pande zote mbili, kwa Mjerumani na kwa Mwingereza, uigizaji wetu ulianza kwa uso wetu bila kauli yetu. Ndiyo maana nasema historia hii ianze kwa Mahjub. Tukianza na siku tulipopata sauti tutakuwa tumeruka sura ya kwanza ya kitabu.

Sasa niwajibu wanaonipinga. Pingamizi la kwanza ni zito, na silichukulii juu juu. Watu watasema: wewe unatuletea mtu aliyeigiza katika filamu za Wanazi, filamu za kuusifu ukoloni, halafu unataka tumwite wa kwetu? Tena wana ushahidi mkubwa kuliko huo. Filamu yake ya mwisho, na ndiyo iliyompa nafasi kubwa kuliko zote, ilitoka mwaka 1941 na inaitwa Carl Peters. Ndiyo, Peters yule wa kwenye vitabu vya shule, wa mikataba ya Usagara ya mwaka 1884, yule aliyewanyonga watu kule Kilimanjaro mpaka watu wetu wakamwita Mkono wa Damu, na serikali yake yenyewe ikamfukuza kazi mwaka 1897. Wanazi walimgeuza kuwa shujaa. Mwongozaji alikuwa Selpin yule yule, nyota akiwa Hans Albers, na Mahjub aliigiza Ramasan, kiongozi wa safari za Peters. Tena mwaka 1939 vita vilipoanza alijitolea kuingia jeshini, wakamkataa. Hayo yote ni kweli, na mtu akiyasikia akakunja uso, simlaumu.

Lakini tuulize maswali ya haki. Filamu ile ilitaka Waafrika wengi kwenye picha. Walitoka wapi? Wengine walitolewa kambini, wafungwa wa vita, Waafrika waliotekwa wakipigania Ufaransa, wakavalishwa na kusimamishwa mbele ya kamera. Je, nao ni vibaraka wa Peters? Hakuna mwenye akili atakayesema hivyo. Kati ya mfungwa aliyesukumwa na mtu aliyeachwa huru kabisa kuchagua, Mahjub alisimama wapi? Alikuwa na mke na watoto wa kulisha. Watu weusi wa makoloni walikuwa wamenyang'anywa pasipoti za Kijerumani na kubaki bila uraia wa kueleweka. Kazi ya Haus Vaterland alikuwa ameipoteza. Karibu milango yote ilikuwa imefungwa isipokuwa mmoja, na juu ya mlango huo paliandikwa: ingia, lakini uwe yule tunayemtaka. Na utawala ule haukuwa salama hata kwa waliouongozea filamu zake. Selpin mwenyewe alikamatwa mwaka 1942 kwa maneno aliyoyasema juu ya jeshi, akafia mahabusu.

Halafu tazameni hapa nyumbani. Mwaka 1952 filamu iitwayo Muhogo Mchungu ilitengenezwa Tanganyika, katika mpango wa serikali ya kikoloni ikishirikiana na kampuni ya Afrika Kusini. Mwigizaji wake mkuu alikuwa mtumishi kijana wa idara ya ustawi wa jamii, mzaliwa wa Songea, aliyesoma Tabora. Jina lake Rashidi Mfaume Kawawa. Aliigiza pia katika Chalo Amerudi. Fedha zilikuwa za mkoloni, kamera ilikuwa ya mkoloni, na makusudi ya filamu zile yaliamuliwa na mkoloni. Miaka kumi baadaye, Januari 1962, Kawawa alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika huru. Nani amewahi kumwita kibaraka kwa sababu ya Muhogo Mchungu? Hakuna, na ni sawa. Tunamtazama mtu mzima, na filamu tunaipa nafasi yake kama sura moja ya maisha yake. Kipimo hicho tulichompa Kawawa ndicho ninachoomba kwa Mahjub.

Mtaniambia, Kawawa alikuwa tofauti. Kweli kabisa, na tofauti hiyo inanisaidia kuliko inavyonipinga. Kawawa aliigiza kwa Kiswahili, mbele ya watazamaji wanaokielewa. Alikuwa nyumbani. Alikuwa na wafanyakazi wenzake waliomchagua awe kiongozi wao, akaingia Shirikisho la Vyama vya Wafanyakazi, akaingia TANU. Akinyanyaswa kazini, kulikuwa na watu elfu nyuma yake. Mahjub alikuwa mdai mmoja katika mji wa watu, bila chama, bila nchi ya kumsemea, maana Tanganyika yake ilikuwa mikononi mwa Mwingereza aliyemteka akiwa mtoto. Kama wote wawili waliigiza filamu za bwana, basi aliyekuwa na nguvu ndogo zaidi ndiye anayestahili kuhukumiwa kwa upole zaidi.

Pingamizi la pili linatoka kwa wapenzi wa sanaa wenyewe. Wanasema: alikuwa mtu wa kupita tu, dakika moja hapa, nusu dakika pale, mwigizaji gani huyo? Hapa naomba tuitumie mizani yetu wenyewe ya Kisukuma. Baada ya mavuno, Bagika na Bagalu wanapokutana kushindana ngoma, hakuna waamuzi wenye karatasi. Makundi mawili yanacheza uwanja mmoja, kwa wakati mmoja, na watazamaji ndio wanaoamua kwa miguu yao. Utamwona mtu amesimama kwa Bagika, ameshika baiskeli yake, sikio limegeukia upande wa pili. Manju wa Bagalu anatupa wimbo mpya aliouficha msimu mzima. Baiskeli inageuka. Anamfuata wa pili, wa tatu, akina mama wenye watoto mgongoni, mpaka uwanja mzima umehama na vumbi lake. Manju ameshinda. Kwa nini ameshinda? Kwa sababu wimbo ni wake, maneno ni yake, dawa ya kuvuta watu ni yake, na hakuna aliyemwambia simama hapa ushike sinia.

Sasa mchukue manju huyo bora kabisa. Mnyang'anye wimbo. Mwambie asimame nyuma ya mtu mwingine anayecheza. Mpe nusu dakika. Je, amekoma kuwa manju? Ukubwa wa nafasi unatupa habari za aliyeigawa, si za aliyepewa. Na kipo kipimo kingine ambacho hakibishaniki: aliitwa tena. Mara moja unaweza kuitwa kwa bahati. Kuitwa na kamera zaidi ya mara 20 katika miaka saba, kwa waongozaji mbalimbali, huyo ni mtu anayejua kusimama panapotakiwa, anayejua taa iko wapi, asiyeharibu picha. Waliopiga filamu wananielewa. Mtu wa namna hiyo ni tunu kwenye kazi hata kama jina lake halimo kwenye bango. Hata leo katika filamu zetu, mlinzi wa getini na dada wa kazi wanaopita mlangoni wanafanya kazi, wanaunguzwa na jua lile lile la kusubiri, na wana haki ya kulipwa na kuandikwa.

Pingamizi la tatu nitalijibu kwa ufupi. Mtu wa Dar es Salaam, baba Msudani, kafia Ulaya; Shinyanga inahusikaje? Ukanda huu umejengwa na watu waliotoka kwingine. Tangu almasi ilipopatikana Mwadui mwaka 1940, na katika machimbo ya dhahabu ya Geita, watu wamekuja kutoka kila kabila na nchi jirani, wakazaa, wakazika, wakawa wetu. Hatujawahi kumuuliza mchimbaji baba yake ni wa wapi kabla ya kumpa pole. Kanumba naye ilibidi aende Dar es Salaam ndipo aonekane. Tusimnyime Mahjub kwa kipimo ambacho wenyewe hatukitumii.

Imebaki sehemu ya mwisho ya maisha yake, na lazima niiseme. Filamu ya Carl Peters ilitoka mwanzoni mwa mwaka 1941. Mwaka huo huo Mahjub aliiacha kazi ya kufundisha, na Agosti akakamatwa na Gestapo, polisi wa siri wa Wanazi. Kosa lake lilikuwa uhusiano na mwanamke Mjerumani mweupe. Hakupelekwa mahakamani, hakusomewa hukumu. Walimpeleka kambi ya mateso ya Sachsenhausen, kaskazini ya Berlin, akakaa humo zaidi ya miaka mitatu, na tarehe 24 Novemba 1944 akafariki humo. Alikuwa na miaka 40. Nchi ile ile iliyomchukua vitani akiwa mtoto, ikamnyima mshahara, ikaununua uso wake, ikaukodi ulimi wake, ndiyo iliyomuua. Anayemwita mshirika wa Wanazi na aniambie: ni mshirika gani huyo anayelipwa hivi?

Wajerumani wenyewe wameanza kumkumbuka. Mwanahistoria Marianne Bechhaus-Gerst aliandika kitabu kizima juu yake, kilichotoka mwaka 2007. Mwaka 2013 Eva Knopf alitoa filamu ya kumbukumbu, Majubs Reise, akizikusanya zile nusu dakika zake kutoka filamu moja hadi nyingine, mpaka mtu aliyekuwa nyuma ya picha akaja mbele. Na ukienda Berlin, mtaa wa Brunnenstraße namba 193, tazama chini. Katikati ya mawe ya njia ya waenda kwa miguu kuna jiwe moja lenye kibati cha shaba ya njano inayong'aa, upana wake sentimita 10 tu, kiasi cha kiganja cha mtoto. Limechongwa jina lake. Kulisoma ni lazima uiname. Mtu aliyelipwa ili ainame, leo wapita njia ndio wanaoinama kwake.

Lakini jiwe lile limeandikwa Kijerumani, kitabu ni cha Kijerumani, na filamu ile ni ya Kijerumani. Kwa Kiswahili, lugha aliyoifundisha, bado tunamsikia kwa shida. Hapo ndipo ninapoleta ombi langu kwenu. Walimu wa sanaa za maonyesho mnaonisikiliza, vikundi vya maigizo vya Shinyanga, Kahama na Geita, na ninyi wasimulizi wa filamu mnaojua kuitia picha ngeni sauti ya nyumbani: chukueni maisha ya Mahjub bin Adam muyatengenezee mchezo. Mwacheni aseme kwa Kiswahili yale ambayo kamera haikumwacha ayaseme. Msimfiche sare yake wala filamu ya Peters. Onyesheni yote, watu waamue wenyewe kwa miguu kama uwanjani. Na siku ya onyesho la kwanza, kijana atakayemwigiza Mahjub, mlipeni fedha zake mkononi kabla hajapanda jukwaani.